Mbuzi Kwenye Dirisha la Mlima

Miaka kumi na sita Rimma Zakharovna aliandika filamu za watoto, na miaka kumi na sita alikatiwa. Filamu zenyewe zilitoka, tena zilitia fora. Tisa zilitoka, na ndani yake mlikuwa na wafalme wa majini, majiko yanayotembea, dubu anayesema, na binti wa theluji aliyewaliza watoto kutoka Moscow mpaka Vladivostok. Akina mama walimsimamisha kwenye foleni ya soseji wamwambie kwamba watoto wao hawalali bila kusimuliwa habari za yule dubu. Naye alitabasamu, akashukuru, akarudi nyumbani na nusu kilo ya soseji na kilo tano za hasira. Kwani dubu hakuwa wake. Dubu alikuwa mabaki ya kitu kingine alichokiandika, ambacho hakuna mtoto wala mama aliyewahi kukiona.

Aliyekata si mtu mmoja. Lilikuwa baraza la sanaa la studio, watu kumi na mmoja kwenye meza ndefu yenye kitambaa cha kijani, chai ya limau mbele yao na mswada wake chini ya viwiko vyao. Hakuna hata mmoja kati yao aliyekuwa mtu mbaya, na hilo ndilo lililomchosha. Mtu mbaya unamchukia, unamaliza. Hawa walikuwa watu wenye wajukuu, walioomba kwa upole tu kwamba mfalme asiwe mkatili hivyo, msitu usiwe na giza hivyo, na yule yatima, jamani, apate angalau shangazi. Akampa shangazi. Filamu nzima ikawa inamhusu shangazi.

Waandishi wa studio walikuwa na dawa yao. Kila mswada ulitiwa chambo, kitu cha kijinga au cha ukorofi kidogo, kinachoonekana tangu mlangoni, ili baraza lipate cha kukata. Baraza lisipokata chochote halijioni limefanya kazi. Likishakata chambo linaridhika, linakunywa chai, na kile unachokipenda kinapita bila kuguswa. Rimma alikwisha kuwapa mchawi mlevi, jogoo mwenye wake saba na mfalme anayelala mkutanoni akikoroma. Wote walikatwa, wakampatia dakika mbili hapa, dakika moja pale. Ndizo alizokuwa akiziishi, dakika hizo.

Kulikuwa na kitu kimoja tu ambacho hakikuwahi kukatwa, wala yeye hakuwahi kukipigania. Katika kila filamu yake palikuwa na mtoto anayetembea kwenye theluji akila kitu kitamu. Kilikuja chenyewe, hakukipanga. Ilikuwa kumbukumbu yake ya kwanza duniani: ana miaka minne, theluji inalia chini ya viatu, mama anamshika mkono, na kwa mkono wa pili anamega mkate wa asali na kumtia mdomoni kipande baada ya kipande. Aliamini ilikuwa sikukuu fulani.

"Mtoto wako anakula tena," mhariri wake, Gleb Yevseyevich, humwambia kila akifika ukurasa huo.

"Watoto hula, Gleb Yevseyevich."

"Wangu hawali. Nitawaleta kwako uwaandike." Kisha anafungua ukurasa unaofuata, na kalamu nyekundu haigusi kitu.

Mwaka wa elfu moja mia tisa sabini na nne Rimma akaamua kuandika kile alichokuwa amekikalia miaka yote. Alikuwa na sababu ya haraka. Mama yake, Pelageya, aliyeishi naye kwenye vyumba viwili upande wa kaskazini mwa mji, alikuwa na mtoto wa jicho macho yote mawili. Madaktari walisema hawawezi kupasua mpaka ukomae, na ukikomaa maana yake asione kitu kwanza. Jicho la kulia lilikwisha kwenda. La kushoto lilikuwa bado linaona mwanga, sura za watu na mambo makubwa makubwa, na hakuna aliyejua litaona mpaka lini.

Na kitu chenyewe kilikuwa cha mama. Kilisemwa mara moja tu, mwaka hamsini na sita, siku ilipofika karatasi yenye muhuri kusema kwamba baba, Zakhar, fundi wa kiwanda cha bunduki mjini Tula, hakuwa na kosa lolote na kwamba alikufa zamani. Mama aliisoma karatasi, akaikunja, akasema: "Walimchukua Januari ya mwaka thelathini na nane. Kila wiki mbili nilipeleka furushi kwenye dirisha la gereza. Wakilipokea, nilijua yu hai. Machi wakanirudishia." Akainuka kuosha vyombo. Baada ya hapo mambo hayo yalisemwa kidogo nchini, halafu yakafungiwa tena, na mama alikuwa ameyafunga kabla ya wote.

Mahali pa kuliweka dirisha kama hilo hapakuwepo ila kwenye hekaya. Rimma akaandika juu ya msichana Ustinka, ambaye baba yake amechukuliwa na Mfalme wa Chini ya Mlima. Mlima hauna mlango. Una kidirisha kimoja, kilicho juu kuliko kimo cha mtoto, na Ustinka anapanga foleni na wengine, ndege, sungura, mke wa mbwamwitu, kila mmoja na furushi lake, kwa maana mfalme amewachukua wa kwao wote. Ananyanyuka kwa vidole vya miguu, anaweka mkate wa asali. Mkono unatoka, unauchukua. Baba yu hai. Mara ya pili unauchukua. Mara ya tatu mkono unatoka na kuurudisha mkate. Hakuna neno linalosemwa. Ustinka anasimama na mkate wake mkononi mpaka foleni inamsukuma pembeni.

Kurasa mbili. Aliziandika kwa siku moja, akashindwa kula chakula cha jioni.

"Mama," alisema, "safari hii kuna kitu chako. Dirisha."

Pelageya alikuwa akinywa chai. Aliinywa tupu kama siku zote, akasukuma bakuli la jamu mbali na mkono wake bila kulitazama. Vitu vitamu hakuvigusa kamwe, alisema vinamuuma meno, ingawa meno yenyewe yalikuwa ya bandia kwa miaka kumi.

"Litaonekana?" aliuliza.

"Litaonekana."

"Basi harakisha," mama akasema.

Kwa hiyo chambo cha safari hii kilibidi kiwe kinono. Rimma akaumba mbuzi. Mbuzi huyu alikuwa mkuu wa ghala la Mfalme wa Chini ya Mlima, anavaa miwani, anasoma taarifa za mafanikio juu ya kabichi aliyoila mwenyewe, na kila baada ya taarifa anajitunuku nishani na kujipigia makofi kwa kwato. Kabla ya kusema chochote anasafisha koo mara tatu. Gleb Yevseyevich alipomsoma, aliweka kalamu chini.

"Rimma Zakharovna, huyu watamkata kabla hawajavua makoti."

"Ndiyo kazi yake."

"Na hili dirisha?" Alilitazama kwa muda. Alikuwa na umri wa kulielewa. "Hili sijaliona," akasema, akafunga jalada.

Baraza lilikutana Jumanne asubuhi. Mwenyekiti, Nikanor Filippovich, mtu mnene mwenye nishani tatu kotini na miwani ya dhahabu, alisafisha koo mara tatu, kama alivyofanya siku zote, akasema, "Tuanze na mbuzi."

Rimma alikunja mikono kwenye mapaja, tayari kupoteza.

"Mbuzi ni hazina," akasema Nikanor Filippovich. "Nimesoma nyumbani, mke wangu alidhani nimepaliwa. Nawaambia ukweli, namjua mbuzi huyu. Ninyi hamumjui? Ni yule bwana wa studio ya jirani, yeye mtupu. Yule yule. Hata kile kikohozi."

Watu kumi walitazama vikombe vyao. Kila mmoja alikuwa amemtambua mbuzi tangu ukurasa wa kwanza, na kila mmoja alikuwa akimtazama sasa hivi, ana nishani tatu, anasafisha koo. Lakini atakayesema mbuzi akatwe ataulizwa kwa nini, na akiulizwa kwa nini itabidi amtaje.

"Anachekesha sana," akasema mama mmoja wa idara ya elimu, kwa sauti nyembamba.

"Watoto watampenda," akasema mwingine.

"Tena anaonekana kidogo mno," Nikanor Filippovich akasema. "Aongezwe. Apewe wimbo. Shida ni urefu, filamu imezidi kipimo kwa mita mia mbili za mkanda hata bila wimbo. Tukate wapi?" Akalamba kidole, akafunua kurasa. "Hapa. Hii foleni. Inachosha. Mtoto amesimama, anangoja, anaweka mkate, anaondoka, anarudi, anangoja. Watoto wetu wanapanga foleni kila siku, wakija sinema tuwaonyeshe foleni?"

Wakacheka, kwa mara ya kwanza kicheko cha raha, maana hapa palikuwa na ruhusa.

"Dirisha lisikatwe," Rimma akasema.

"Kwa nini, mama?"

Alifungua mdomo. Chini ya meza kiatu cha Gleb Yevseyevich kilimkanyaga, na hakikuhitajika. Alikwisha kuona mwenyewe. Akisema lisikatwe ataulizwa kwa nini, na akiulizwa kwa nini itabidi ataje ni dirisha gani, la mji gani, mwaka gani. Angetaja, filamu nzima ingekufa pale pale kwenye kitambaa cha kijani. Mtego alioutega kwa mkono wake ulikuwa umemnasa mguu pamoja na wao.

"Lina uzuri wake," alisema.

"Uzuri tunao mwingi," Nikanor Filippovich akamjibu kwa upole, na katibu akaandika.

Ukumbini nje Rimma alitaka kuuma mtu. "Hata hawakuogopa," alimwambia Gleb Yevseyevich. "Ningejua wameogopa ningevumilia. Wamelikata kwa sababu ya mita. Kwa sababu ya wimbo wa mbuzi."

"Ungewaambia nini?"

"Sijui. Kitu. Nimekaa kama gunia."

"Umekaa kama sisi sote," mhariri akasema, akawasha sigara upande usiofaa, akaitupa. "Nenda kwa Savva. Yeye ndiye anayepiga picha. Kwenye karatasi wamekata, kwenye filamu hawajakata bado."

Savva Ilyich alikuwa mwongozaji wa filamu, mtu wa miaka arobaini anayeahidi kila kitu na kuamini kila ahadi yake wakati anapoitoa. Rimma alimkuta bandani, ndani ya mlima wa mbao na plasta. Dirisha lilikuwa limeshajengwa, kwa maana mafundi walianza kabla ya baraza kukaa. Lilikuwa dogo, lenye kibao cha chuma, juu kidogo kuliko kichwa cha mtoto. Alilitazama, akakigusa kile kibao. Alikuwa ameliandika bila kujua kwamba analikumbuka.

"Savva, nakuomba kitu kimoja tu. Sijawahi kukuomba."

"Dirisha," Savva akasema. "Gleb amenipigia. Rimma Zakharovna, mpenzi wangu, limeshajengwa, nitalibomoa kwa nini? Nitalipitisha ndani ya wimbo, hawatagundua. Lala usingizi."

Usingizi hakuupata. Kwenye uhariri wa mwisho mwandishi haitwi. Anayechinjwa haalikwi kutazama kisu. Mwezi Februari alimpigia Savva simu, na sauti ya Savva ilikuwa changamfu mno. "Dirisha lipo. Nimelilinda kama nilivyosema. Na yule mwigizaji wa mbuzi ni shetani, utaona." Rimma alishika simu hata baada ya kukatika. Alitaka kuamini, na jicho la mama halikuwa na muda wa kumsubiri atilie shaka.

Jumapili ya kwanza ya Machi, saa nne asubuhi, alijipatia yeye na mama yake viti vya safu ya tatu. Pelageya alivaa shali yake nzuri. Watoto wa wilaya nzima walikuwa wamejaa, wanamenya machungwa, na ukumbi ulinuka machungwa na makoti yenye unyevu.

"Litakapokuja nitakwambia," Rimma alimnong'oneza.

"Nitaliona," mama akasema.

Dirisha lilipokaribia, Rimma alilijua kabla ya mtu yeyote, kwa sababu muziki ulikuwa wa furaha. Mlima ukaonekana. Foleni haikuwepo, si ndege wala sungura wala mke wa mbwamwitu. Ustinka alikuja peke yake, akanyanyuka kwa vidole, akaweka mkate wa asali kwenye kibao cha chuma. Kidirisha kikafunguka, kikatoka kichwa cha mbuzi mwenye miwani. Mbuzi akasafisha koo mara tatu. Akaunusa mkate, akautafuna kwa sauti, akajitunuku nishani, akafunga dirisha. Likafunguka tena mara moja, akatoa kichwa kulamba makombo.

Ukumbi ulilipuka. Mtoto mmoja nyuma yao alicheka mpaka akaanza kwikwi. Rimma alikaa na kucha zake ndani ya viganja. Miaka kumi na sita, akafikiri, na hili ndilo nililomletea. Aliona aibu hata kugeuka.

"Mama," alisema mwishowe, "nisamehe. Sivyo nilivyoandika. Yule si... walitia mbuzi."

"Najua ni mbuzi," Pelageya akasema. "Macho ndiyo yamekufa, masikio ninayo." "Lakini wameupokea."

"Niliandika wanaurudisha. Ilikuwa kama ulivyoniambia, mwishowe wanaurudisha."

"Najua ungeandika hivyo. Nimekaa hapa naomba wasiurudishe. Wakaupokea. Ameupokea mbuzi, sawa, lakini umepokelewa." Mkono wake ulitafuta mkono wa Rimma, ukaukuta, ukaanza kufungua zile kucha moja moja. "Halafu, Rimma, hata wangeacha kama ulivyoandika, ingekuwa nusu. Huyo mtoto wako amesimama na mkate mkononi. Je, mkate ulikwenda wapi?"

"Hukuniambia ulikwenda wapi."

"Tuliula."

Kwenye skrini mbuzi alikuwa ameanza wimbo wake, na watoto walikuwa wanapiga makofi kwa kufuata kwato. Pelageya hakupaza sauti, ila alisogea karibu.

"Tuliula njiani, mimi na wewe. Ulikuwa unalia njaa, na mimi sikuwa nimeonja kitu tangu juzi yake, kwa sababu unga wote niliutia kwenye mkate wa baba yako. Nilikwisha kujua kuwa amekufa. Nilijua pale pale dirishani. Nikakushika mkono, nikatembea mpaka kona, nikamega. Nikakupa wewe, nikala na mimi. Ulikuwa mtamu. Baba yako hajapoa, na mimi nikaona mkate wake mtamu, nikatafuna haraka mpaka ukaisha. Miaka thelathini na saba sijatia asali mdomoni."

Rimma akamgeukia.

"Nilidhani unajua," mama akaendelea. "Filamu yako ya kwanza, ulinikalisha hivi hivi, nikamwona mtoto anakwenda kwenye theluji anakula. Nikasema, loo, anakumbuka. Kumbe ananisema. Ya pili, yuko tena. Ya tatu. Kila filamu unanileta, unanikalisha mbele, na yule mtoto anakula. Nikawa nangoja uniulize. Mbona hukuniuliza?"

"Sikujua, mama. Nilidhani ni sikukuu."

"Sikukuu," Pelageya alirudia. Alilishika neno hilo kwa muda, kama mtu anayepima kitu asichokiona kwa mkono.

Wimbo wa mbuzi ukaisha. Mlima ukafunguka, na Ustinka akatokea upande wa pili, mahali palipo peupe mpaka mwisho wa macho. Theluji ililia chini ya viatu vyake, sauti ambayo Savva alikuwa ameirekodi vizuri sana. Msichana akaingiza mkono kwenye kitambaa chake, akatoa mkate wake wa mwisho wa asali, akaumega, akaanza kula huku anatembea. Baraza halikuwa limegusa hapo hata sentimita moja. Ilikuwa ndefu, polepole, nzuri, kila tone la asali linaonekana, na watoto wote ukumbini wakatulia.

Mama alifumba lile jicho lake lililobaki. Na kwa mara ya kwanza katika miaka kumi na sita, Rimma Zakharovna alitamani wangekata.